Eda Niliyoikaa Nje

Mume wangu hakuwa mtu wa kulala mchana. Miaka yote niliyoishi naye Johannesburg sikuwahi kumkuta amejinyoosha jua likiwa juu, hata Jumapili, hata akiwa na homa. Alikuwa mtunza bustani kwa wazee wawili wa Kireno kule Midrand, ndani ya eneo lenye ukuta, waya wa umeme juu ya ukuta, na geti linalofunguka kwa alama ya kidole. Wiki nzima alilala kwenye chumba cha nyuma cha wale wazee, Jumamosi anarudi kwangu Bertrams, na akifika tu anatafuta cha kufanya. Mara anakaza bawaba ya mlango, mara anachambua mchele nilioshauchambua. Namwambia kaa basi, kwani umekuja kukagua? Anacheka, hakai.

Kwa hiyo mwaka ule wa 2017, aliponitumia picha amelala chali kwenye majani, miguu mitupu, kofia usoni, saa nane za mchana, kitu cha kwanza nilichofikiri ni kwamba amekufa. Cha pili, kwamba amepata mwanamke. Hicho cha pili ndicho nilichokishika.

Picha ilitoka Ureno. Wale wazee walikuwa wamekaa Sauzi zaidi ya miaka arobaini, na uzee ulipowashika wakauza nyumba ya Midrand wakarudi kwao, kwenye kijiji cha milimani ambako vijana wameshahama wote. Walimpenda mume wangu. Wakamwombea karatasi akawasaidie shamba la mizabibu kwa miezi sita, kuanzia mwezi wa nne mpaka zabibu zichumwe, halafu arudi. Mimi nilikubali. Nilimnunulia viatu vya ngozi, rangi ya kahawia, nilivichagua mwenyewe mjini, nikamwambia avivae siku ya safari ili asishuke ndege kama mtu aliyefukuzwa. Uwanja wa ndege akatokea na raba zake kuukuu, viatu viko begini. Eti vitambana safari nzima. Nilinuna mpaka anaingia kwenye ukaguzi wa pasi, akanipungia mkono na mimi nikampungia kwa kuwaonea haya watu tu.

Sauti alizonirekodia kwenye simu zilikuwa zinakuja kila Ijumaa mchana. Nilizisikiliza kazini, kwenye kiduka cha mafundi cherehani Braamfontein, karibu na chuo, ambako kazi yangu kubwa ilikuwa kupinda majoho ya wahitimu. Simu ninaibana begani, mguu uko kwenye cherehani. Alisema wanaanza kazi kabla jua halijatoka, wanafunga matawi ya mizabibu kwenye nyaya, na jua likikaza wanaacha. Wanaacha kabisa, alirudia, kama vile mimi nitabisha. Mzee anakwenda kulala, bibi anakwenda kulala, kijiji kizima hakuna mlango unaolia. Yeye wiki ya kwanza alikosa raha, akawa anafagia ua uliokwisha kufagiwa. Wiki ya pili akashuka mtoni.

Huko mtoni ndiko mambo yalikoanzia. Ng'ambo walikuwa wanaishi Wazungu wa nchi nyingine waliohama miji yao: Mholanzi mmoja aliyewahi kuwa mtu wa benki, na mkewe, mama wa Kijerumani na mbuzi wake, na wengine wa kuja na kuondoka. Walilala kwenye mahema na kwenye magari ya zamani yaliyokwisha kuota nyasi magurudumuni. Hawakuwa na umeme na hawakuutaka. Mume wangu kilichomshinda kuelewa ni kwamba hawakuwa maskini. Wana nyumba kwao, wamezifunga. Wanatembea pekupeku, wanachuma tini wanazila hapo hapo chini ya mti, wakitaka kuoga wanaingia mtoni, wakitaka kulala wanalala walipokaa. Jioni wanakusanyika kuimba, na wanaimba vibaya, na hakuna anayeona haya. Alisema hajawahi kusikia mmoja anamwuliza mwenzake anafanya kazi gani.

Ijumaa moja akaniletea sauti ambayo ninaikumbuka neno kwa neno, kwa sababu niliisikiliza tena na tena nikitafuta mwanamke ndani yake.

"Bibie, jana nimelala nje. Hakuna geti, hakuna waya, hakuna hata mbwa. Nimelala mpaka nimeota. Siku moja na wewe nenda kalale tu kwenye majani, usishike kitu. Saa moja tu, utaona."

Nilimjibu kwamba mimi niko Joburg, nikilala majanini hapa wataondoka na simu kwanza halafu warudie viatu. Na kwa kuwa tumetaja viatu, nikamwuliza vya kwake viko wapi, mbona kila picha miguu iko wazi kama mtoto? Akasema navitunza, huku hakuna wa kumvalia. Neno hilo lilinichoma. Miaka tisa ya ndoa, mtu anakwenda nchi za watu anakwambia hana wa kumvalia.

Kisha ikaja picha ya mtoni. Sijui nani aliyeipiga. Yeye yuko katikati ya maji, anacheka, na nyuma yake ukingoni wamekaa watu wazima na vitambi vyao, wanawake kwa wanaume, kama walivyozaliwa, wanakula tikiti maji. Nilipomwuliza hii ni nini akajibu kwa upole kabisa kwamba ni watu wanaoga, hakuna anayemtazama mwenziwe, na kwamba yeye alikuwa na kaptula. Maji yalimfika kifuani. Kaptula hiyo niione wapi? Nilimwonyesha mwenzangu wa nyumba, Mkongo wa Lubumbashi, msusi, tuliyekuwa tukigawana nyumba ya vyumba viwili. Alicheka mpaka akakaa chini. Akasema wale Wazungu wametoka mbali kuja kutafuta tulichokuwa nacho sisi mtoni kwa bibi zetu. Mimi sikucheka, na nilimchukia kidogo kwa kucheka kwake.

Mwanzoni mwa mwezi wa nane akapiga simu yenyewe. Alikuwa anaizunguka habari, namjua, anauliza hali ya bawaba ya mlango. Mwishowe akaitoa: mzee amemwomba akae mpaka zeituni zichumwe, yaani mpaka karibu na mwaka mpya, karatasi zitaongezwa. Zeituni zikiisha anakuja.

"Basi kaa na zeituni zako huko huko," nikamwambia. "Usinitafute."

Nikakata, nikambloku. Nilikuwa nimesimama mbele ya duka, watu wanapita kwenda kwenye mabasi. Nilirudi kwenye joho nikalimalizia. Nilijiambia namba ya mwenzangu anayo, mtu akitaka hakosi njia. Wiki ikapita, mbili, mwezi. Namba ya mwenzangu haikuita. Hapo nikajua nimeachwa, na nikaanza kuwaambia watu hivyo, na watu wakanipa pole kwa ile sauti yenye utamu kidogo ndani yake.

Sitasema nililia. Nilifanya kazi. Mwezi wa kumi jacaranda zikachanua, zikapukutika, wahitimu wakaja na majoho yao marefu kupita kiasi. Mwezi wa kumi na mbili mwenzangu aliozesha mdogo wake, harusi ya Kikongo ya kucheza mpaka visigino vinavimba, na nilicheza. Nilipaka hina mikono yote miwili mpaka viwiko, nikajifukiza udi, nikavaa kitenge cha sare. Kuna picha yangu nimefungua mdomo nacheka. Nilitaka mtu ampelekee aione.

Mwaka ulipogeuka na zeituni zimekwisha na hakuja, nilikwenda kwa shehe wetu, mtu wa Unguja, mpole, anayesikiliza huku ameshika ndevu. Nilimwambia nataka ndoa ivunjwe, mume kanitelekeza miezi mitano, anaogelea na walio uchi. Alinisikiliza mpaka mwisho. Akasema mtu hahukumiwi hajasikilizwa, nitafute anwani, yeye mwenyewe atamwandikia. Mimi anwani sikuwa nayo. Nilichokuwa nacho ni geti la Midrand.

Nikapanda teksi mpaka huko asubuhi moja, nikashuka kwenye robot ya mwisho, yaani taa za barabarani, nikatembea kando ya ule ukuta mrefu. Mlinzi wa getini alikuwa yule yule wa zamani, Mkongo wa Bukavu, rafiki wa mume wangu, walikuwa wakila pamoja mchana. Aliponiona alisimama, akavua kofia. Nikaona ajabu, maana yule bwana huwa havui kofia hata kwa wenye magari. Akaingia kwenye kibanda, akatoka na bahasha mbili zenye stempu za Ulaya, amezitia kwenye mfuko wa plastiki na kuufunga fundo.

"Mama, nilijua siku moja utakuja," akasema. "Sikuwa na namba yako. Nilizikamata vizuri."

Zilikuwa zimeandikwa kwa mlinzi wa getini, ampe mke wa mtunza bustani. Mzee wa Kireno hakujua Bertrams iko wapi. Nilizisoma nimesimama pale pale kwenye robot, magari yanasimama na kuondoka. Mzee aliandika kwa Kiingereza cha huku, kifupi, bila mapambo. Mume wangu alifariki katikati ya mwezi wa nane. Asubuhi alifanya kazi, jua lilipokaza akashuka mtoni na wenzake, akaoga, akala mkate na tini, wakalala chini ya mti. Wengine waliamka, yeye hakuamka. Daktari alisema ni moyo. Mzee alitafuta Mwislamu katika mji wa karibu, akampata Mmoroko muuza nguo, akaja akamwosha, akamswalia, na wakamzika kwenye kona ya makaburi ya kijiji, ubavu wa kulia, kama Mmoroko alivyoelekeza. Ubalozi uliandika kwao Pangani kwa jina la babake, na babake ni marehemu siku nyingi. Yeye mzee alichukua simu ya mume wangu akanitumia ujumbe, siku ile na siku saba zilizofuata. Aliandika kwamba kila ujumbe ulibaki na alama moja tu, ya kutumwa, haukupata ya pili ya kufika, akadhani simu yangu imeibwa. Barua ya pili ilikuwa inauliza vitu vya marehemu vitumwe wapi.

Siku zile nilikuwa nimembloku. Tangu siku niliyomfungia mpaka siku aliyokufa ni siku kumi. Siku kumi ndizo alizokuwa ananipa nipoe, namjua, ndivyo alivyokuwa akifanya nikikasirika, alikuwa ananiacha nipoe.

Nilikunja barua. Nikaangalia kama teksi yangu imefika. Nikaenda Braamfontein nikapinda majoho mawili, yakatoka sawa, mwenye duka akayasifu. Jioni nilimfungulia kwenye simu. Nilikaa kitandani nikingoja ujumbe wa yule mzee uingie, wote nane. Haukuingia hata mmoja. Mwenzangu alinieleza baadaye kwamba ukimfungia mtu, alichokutumia wakati ule hakiji tena, kimepotea. Nikasema sawa.

Nilirudi kwa shehe na zile barua. Nilikuwa tayari nimetoa nguo nyeupe, nimeomba ruhusa kazini, nimemwambia mwenzangu atakuwa ananinunulia vitu sokoni. Tanga nilikokulia, mwanamke akifiwa na mume anawekwa ndani miezi minne na siku kumi. Hatoki bila dharura, hajipambi, hajifukizi, na kuna mama mtu mzima anayemwongoza, na siku ikifika anaogeshwa, anavishwa, anatolewa. Nilimwona mama yangu amekaa. Nilijua pa kukaa na namna ya kukaa, na nadhani nilikuwa nautaka ule mkeka kwa sababu juu ya mkeka hata usipolia unahesabika kuwa unaomboleza.

Shehe alisoma tarehe, akaitazama kalenda ya ukutani, ile yenye miezi ya Kiislamu kwa wino mwekundu, akahesabu kwa vidole. Akahesabu tena.

"Dada yangu, eda huanza siku ya kufa, haianzi siku ya habari," akasema. "Yako imekwisha."

Nikamwuliza imekwisha lini. Imekwisha kabla ya mwaka mpya. Yaani nilikuwa ndani ya eda na sijui, na hina yangu mpaka viwiko, na udi, na mdomo wazi nacheka. Akaniambia sina dhambi, asiyejua hana lawama, na kwamba kuanzia sasa sizuiliwi kitu, hata kuolewa. Alilisema hilo la kuolewa kwa sababu ni haki yangu kulisikia, lakini alikuwa anatazama chini. Na arobaini ilishapita pia, nikamkumbusha. Akasema ndiyo, imepita.

Wakina mama wa kwetu walikuja. Ijumaa wanaume walimswalia ghaibu, Jumamosi tukasoma hitma chumbani kwangu, vikombe vya watu na viti vya jirani. Lakini hawakujua wanifanye nini. Mfiwa wa kawaida ana siku zake, kuna za kukaa naye, kuna za kumwacha. Mimi wa miezi mitano. Mmoja wao, mtu mzima wa Chumbageni, aliniuliza mbele ya wote, bila ubaya, sasa mwanangu tukuwekeje? Wakala, wakaosha vyombo, wakaondoka mapema. Aliyelia ni mwenzangu, Mkristo wa Lubumbashi, alilia mpaka akaniomba radhi. Nilimpa kanga ajifute.

Bustani sikuipanga. Iko njiani, ile ndogo ya jiji upande wa chini wa Bertrams, unaona nguzo za taa za uwanja wa mpira kwa nyuma. Bembea zimekatika, bomba moja linatoa maji, na mvua za Januari zilikuwa zimeotesha majani mpaka kwenye kifundo cha mguu. Nilikuwa natoka kazini. Nikakaa. Halafu nikaona kukaa tu si alichosema yeye, nikajilaza, simu kifuani ndani ya sidiria, mkanda wa mkoba nimeuzungusha mguuni mara mbili. Nilikuwa nimekakamaa kama ubao wa kukatia nguo. Nilihesabu dakika. Sisimizi alipanda shingoni, helikopta ikapita, mtu mmoja mlevi akasimama akaniangalia, akasema sharp, mama, kama mtu anayeaga, akaenda zake. Sikuhisi kitu chochote. Saa moja ilipotimia nikaamka nikarudi nyumbani kupika.

Kesho yake nilichora mstari kwa chaki ya kushonea ndani ya mlango wa kabati. Wa kwanza. Nikajiambia kama eda ya ndani wameninyima, nitaikaa ya nje. Miezi minne na siku kumi, kila siku saa moja, baada ya kazi na kabla ya kuswali alasiri. Udi nikauweka mbali, manukato nikampa mwenzangu, nikavaa magauni yasiyo na maua. Hina ilikuwa bado iko kwenye kucha, niliiacha ikue mpaka itoke yenyewe.

Nilikwenda siku za jua na siku za manyunyu. Siku za mechi kelele za uwanjani zinafika mpaka ndani ya majani, na wapita njia wanajaa, nilikwenda vile vile. Watu wa pale walinizoea. Kulikuwa na mama wa Kizulu anayefua kwenye lile bomba, alinisimamia mkoba siku moja bila kuombwa, akaniuliza kama ninaumwa. Nikamwambia hapana, nimefiwa. Akasema eish, akarudi kwenye ndoo yake. Hakuna aliyenigusa, hakuna aliyeniibia. Nilikuwa nimemwambia mume wangu wataondoka na simu kwanza halafu warudie viatu, na hata hilo halikuwa kweli.

Maneno yalifika msikitini, kama yanavyofika. Eda gani mtu anazurura bustanini, amelala chali mbele za watu? Shehe akaniita. Hakugomba. Akasema eda haikaliwi mara mbili, na haikaliwi majanini, nisijizulie ibada.

"Usiiite eda," akasema.

"Niiite nini?"

"Iite kupumzika."

Nilikasirika siku nzima. Kupumzika! Mimi na yule bwana, miaka tisa, hatujui hata neno hilo lina ladha gani. Yeye alikwenda kulijua mbali, akanipigia simu kunieleza, nikamwambia akae na zeituni zake. Usiku huo sikula. Kesho yake nikaenda bustanini kama kawaida, na siku ile nililala usingizi wa kweli, mchana kweupe, mkoba umenitoka mguuni. Nilipoamka shavu lina alama za majani na mate yamenitoka. Mwili ulikuwa mwepesi. Nilijiona mwizi. Nilikuwa nimepata nusu saa ya kile alichokuwa akinisimulia, na ilikuwa tamu, na nilikereka kwamba ilikuwa tamu.

Lakini kulia sikulia. Mwezi wa tatu, wa nne, nilikuwa najipima kila siku kama mtu anayejipima homa. Hakuna. Nilikuwa ninajua kwamba nimefiwa kama ninavyojua namba ya nyumba yangu. Na chini ya yote kulikuwa na swali moja ambalo shehe hakuweza kulijibu wala barua haikulijibu: je, angerudi? Zeituni zingekwisha angekuja, au pangezuka kitu kingine baada ya zeituni? Mtu aliyelala nje mpaka akaota, mtu asiye na wa kumvalia viatu, angepanda ndege arudi kwenye kuta za Johannesburg? Kama alikuwa ameshaniacha moyoni, basi mimi ni mjane wa nani? Nilikuwa namkasirikia, simwezi, na hayupo.

Mzee wa Kireno nilikuwa nimemwandikia anwani ya duka. Kifurushi kilifika mwishoni mwa mwezi wa tano, zimebaki siku nne kwenye chaki yangu. Sikukifungulia dukani. Nilikibeba mpaka bustanini, nikakaa nacho. Majani yalikuwa yamekauka, rangi ya mkate, yanachoma kwenye gauni, ndiyo baridi ya huku inavyoanza. Nikakata kamba kwa mkasi wa kazini.

Kulikuwa na kanzu yake imekunjwa vizuri, kofia, raba kuukuu zilizokwisha visigino, na simu, imekufa, nikabonyeza haiwaki. Chini kabisa, kila kimoja kimefungwa gazeti la Kireno peke yake, vile viatu vya kahawia. Vinang'aa. Nikavipindua. Soli ilikuwa safi kama siku niliyovichukua rafuni, na kikaratasi cha duka bado kimebandikwa chini ya kisigino cha kulia.

Mzee alikuwa ameandika ukurasa mmoja. Alisema anaomba radhi kwa kuchelewa, mkewe ameumwa. Kuhusu viatu alisema hivi: kila Jumapili mume wako alivitoa, akavipaka dawa, akavipiga kitambaa, akavirudisha kwenye gazeti. Mke wangu akamwuliza kwa nini havivai. Akasema vile ni vya kushukia ndege Johannesburg, kwa sababu wewe hukutaka ashuke kama mtu aliyefukuzwa.

Niliisoma mara moja tu. Yule mama wa bomba alikuwa anakamua shuka, akanitazama, akaacha kukamua. Nilikuwa nimevishika viatu mapajani na sauti inanitoka ambayo siijui, si ya kulia wala si ya kuita. Ilinitoka kwa muda mrefu. Kisha ikaisha, nikajifuta kwa upindo wa gauni.

Nikatoa simu yangu. Jina lake lilikuwa lile lile, na ile picha yake ya majanini, kofia usoni. Simu yake ilikuwa hapo kando ya goti langu, imekufa, na nilijua. Nikaandika: Viatu vimefika. Nikatuma.

Ikatokea alama moja. Niliiangalia mpaka jua likaondoka pale nilipokaa. Halafu nikavifunga viatu kwenye gazeti lake, nikajikung'uta majani, nikaenda nyumbani kuswali.